Barua kwa mwanangu: Namba za Pascal

Mwanangu Rehema,

Nimeisoma barua yako, na hasira yako nimeielewa. Msimamizi amekurudishia sura ya pili ya tasnifu kwa sababu ya namba. Kile kipande cha Pensées, mkusanyo wa mawazo ya mwanafalsafa Mfaransa Blaise Pascal, kinachomfananisha binadamu na unyasi unaofikiri, wewe umekinukuu kama 347, yeye anataka 200, na kitabu ulichokikuta maktaba kinasema 231. Unauliza ipi ni sahihi, na kama jambo dogo hivyo linastahili kukurudisha nyuma.

Zote tatu ni sahihi. Ila si jambo dogo, maana hoja yako nzima imejengwa juu ya hiyo 347.

Anza na karatasi zenyewe. Pascal alifariki Agosti 1662 akiwa na miaka 39, na kitabu alichokusudia cha kuitetea dini ya Kikristo hakikuwa kimeandikwa. Alikuwa akiandika kwenye karatasi kubwa, wazo baada ya wazo, na kila wazo likiisha anapiga mstari. Baadaye alizikata karatasi kwenye ile mistari, akavigawa vipande kwa mada, akavitoboa na kuvipitisha uzi kama samaki wanavyotungwa. Matundu ya uzi bado yanaonekana. Yakapatikana mafungu 27 yenye vichwa vya mada, na nje yake karatasi nyingi ambazo hazikupewa fungu.

Alipokufa, jamaa zake waliagiza zinakiliwe vilevile zilivyokutwa. Nakala mbili za wakati huo zimesalia, na zimo Maktaba ya Taifa ya Ufaransa, Paris: ya kwanza ni muswada 9203, ya pili 12449. Mwaka 1711 mpwa wake, Louis Périer, alizibandika karatasi za asili kwenye kurasa kubwa ili zisipotee, akizipanga kwa kadiri zilivyoenea. Mwandiko ukaokoka, mpangilio ukavurugika. Kitabu hicho cha karatasi zilizobandikwa ndicho muswada 9202.

Hapo ndipo kosa la karne ya 19 lilipozaliwa. Wahariri walipouona mwandiko wa Pascal mwenyewe, waliuamini kuliko nakala za makarani, na kwa kuwa umevurugika, wakahitimisha kwamba Pascal hakuacha mpangilio wowote. Basi kila mmoja akapanga kwa akili yake. Léon Brunschvicg, mwaka 1897, alivigawa vipande katika sehemu 14 za mada, na ndiye anayekipa kipande chako namba 347. Alikuwa msomi mkubwa na kazi yake ni ya heshima, lakini mfuatano ule ni wake. Baadaye Zacharie Tourneur na Louis Lafuma walionyesha kwamba zile nakala zimehifadhi mafungu ya Pascal. Toleo la Lafuma la 1951 linafuata nakala ya kwanza, ndiyo 200 ya msimamizi. Toleo la Philippe Sellier la 1976 linafuata nakala ya pili, ndiyo 231.

Sasa itazame sura yako. Umeandika kwamba Pascal anautaja unyasi katika 347, kisha “mara moja anaendeleza hoja” katika 348. Hakuendeleza kitu, ni Brunschvicg aliyeviweka pamoja kwa sababu vyote viwili vina unyasi. Kipande cha 348 ni Lafuma 113, Sellier 145, na kimo katika fungu la sita, lihusulo ukuu wa binadamu. Humo Pascal anasema “mimi”: kwa ukubwa wake ulimwengu unanimeza kama nukta, kwa fikra mimi ndimi ninayeuzunguka. Kipande cha 347 kimo katika fungu la 15, la kuvuka kutoka kumjua binadamu kwenda kwa Mungu. Katika nakala kinakuja baada ya kile kirefu cha binadamu aliyeachwa kati ya ukubwa usio na mwisho na udogo usio na mwisho (Lafuma 199), na karibu yake kuna kile cha hofu mbele ya ukimya wa anga (Lafuma 201). Kwa Brunschvicg hivyo vitatu ni 72, 347 na 206, kila kimoja katika sehemu yake. Ukivirudisha pamoja, unyasi wa 347 si sifa tupu kwa akili ya binadamu. Uko fungu moja na vipande vya woga. Hiyo ndiyo sura ya pili unayopaswa kuiandika, na ni nzuri kuliko uliyoiandika.

Usivuke mpaka, lakini. Kuwemo katika fungu fulani ni ushahidi. Kutangulia au kufuata ndani ya fungu hilo ni ushahidi dhaifu, kwa sababu hatujui kwa hakika uzi ulianzia kipande kipi. Sema “katika fungu hilohilo”, usiseme “baada ya hapo Pascal anahitimisha”. Kipande cha dau nacho, kile cha kuweka dau kwamba Mungu yupo (Lafuma 418, Sellier 680, Brunschvicg 233) hakimo katika mafungu 27. Wanafunzi wengi hukifanya kitovu cha kitabu kizima kwa sababu Brunschvicg alikijengea sehemu yenye jina la dau. Kitumie, ila usikipe kiti ambacho Pascal hakukipa.

Kuhusu kunukuu: chagua Sellier kama toleo lako, ulitaje kwenye tanbihi ya kwanza, kisha weka namba mbili kila mahali: S. 231, L. 200. Lafuma huwezi kumwacha, kwa kuwa tafiti nyingi tangu miaka ya 1950 zinamtumia. Brunschvicg mtaje pale tu unapojadili mwandishi aliyemtegemea, kama Lucien Goldmann katika kitabu chake cha 1955. Hapo anza na namba ya Goldmann, kisha ongeza zako. Nyuma ya tasnifu weka jedwali la safu tatu, kwa vipande ulivyovitumia tu.

Jihadhari na mitego miwili. Tafsiri ya Kiingereza ya Trotter inayopatikana bure mtandaoni inafuata Brunschvicg. Ya Krailsheimer inafuata Lafuma. Ukichanganya bila kuangalia, namba zitakuumbua. Wa pili ni Lafuma mwenyewe: kabla ya 1951 alitoa toleo lingine, la mchapishaji Delmas, lenye namba tofauti. Ukikuta “Lafuma” katika utafiti wa zamani na namba haikubali, shuku Delmas kwanza.

Kwa uhakiki wa haraka, ndani ya mafungu yenye vichwa (Lafuma 1 hadi 382) namba ya Sellier huizidi ya Lafuma kwa 30 na kitu: 113 ni 145, 136 ni 168. Tofauti ikiwa 10 au 60, umekosea kunakili. Nje ya mafungu hayo kanuni hii haifanyi kazi kabisa, umeona 418 ilivyokuwa 680. Huko fungua toleo la kielektroniki la Dominique Descotes na Gilles Proust, linaloweka picha ya muswada kando ya maandishi, uhakiki kipande kimoja kimoja.

Nitumie jedwali kabla hujampelekea msimamizi. Nitaanza na zile namba za Sellier zinazopita 414, yaani zilizo nje ya mafungu yenye vichwa.

Mama yako