Mwanangu Anataka Kuoa, Asiyelala Ni Mimi

Mwanangu ana miaka 27. Jioni moja alikuja akakaa kiti cha mbali, akakohoa kidogo, kisha akasema, "Baba, nimepata mchumba." Nikampongeza. Usiku ule sikupata usingizi.

Si mshahara ulionitia hofu. Kazi anayo, na mimi mwenyewe nilioa nikiwa na godoro na redio tu. Kilichonitisha ni zile simu za kila tarehe 20: "Baba, niongezee kidogo, mwezi huu umenibana." Nami kila mara nilituma. Mama yake alikuwa akinitazama tu, kimya, na kimya chake nilikielewa vizuri sana.

Ningeweza kumwambia "hujakomaa", lakini nani aliyemzuia asikomae? Basi tukakaa wawili, nikamuuliza: "Una madeni kiasi gani, na mwenzako anayajua?" Alianza kucheka, halafu akaacha. Alikuwa na mkopo wa simu, na mwingine aliouchukua kulipia ule wa kwanza. Mchumba hakuwa na habari.

Nilichofanya ndicho ninachowashauri wazazi wenzangu. Nilimwambia, bila hasira, kwamba kwa miezi 6 sitatuma kitu. Yeye asiombe, nami nisimpigie kumchunguza anaishije. (Hili la pili lilinishinda mara mbili.) Madeni akamweleze mwenzake kwa mdomo wake, kabla hawajapanga tarehe ya harusi. Binti akikasirika, amsikilize hadi amalize, asijitetee. Niliongeza hilo kwa sababu namjua: ukimkosoa neno moja, anakurudishia kumi. Hiyo tabia kaitoa kwangu.

Wapo watakaosema ndoa yenyewe itamfunza. Itamfunza, ndiyo, ila karo atalipa mke.

Mwezi wa pili wa ile miezi 6, tarehe 22, simu ikaita. Nikajikaza kukataa huku moyo ukinidunda. Kumbe alitaka kunipa habari. Mwenzake alimnunia siku nne nzima, kisha siku ya tano akaja na daftari, wakaandika kila wanachodaiwa. Hata binti naye alikuwa na deni lake alilolificha. Harusi wameisogeza mbele hadi wamalize kulipa.

Nilipokata simu, mama yake akauliza kutoka chumbani, "Safari hii ametaka kiasi gani?"

"Hakutaka kitu."

Akatoka kuja kuniangalia usoni.