Kama hakuna "mimi", nani anateseka?

Ndugu yangu, umeuliza: kama Buddha alifundisha kwamba hakuna nafsi ya kudumu, anayeteseka ni nani? Na je, uanze kusoma Wabuddha au David Hume, mwanafalsafa wa Uskoti?

Anza na Wabuddha, tena anza na gari. Milinda, mfalme Mgiriki aliyetawala kaskazini-magharibi mwa India ya kale katika karne ya 2 kabla ya Kristo, anasimuliwa akimhoji mtawa wa Kibuddha, Nagasena, kwamba huyo "Nagasena" ni nani hasa. Mtawa akamgeuzia kibao: umekuja kwa gari la kukokotwa? Haya, ekseli ndiyo gari? Magurudumu je? Nira? Mfalme hapana, hapana, hapana. Basi "gari" ni jina tu la vitu hivyo vikikaa pamoja, na "Nagasena" vivyo hivyo. Maumivu yapo, mwenye nayo ndiye haonekani.

Ukitoka hapo, Hume na kitabu chake cha 1739 hatakushtua. Alijichungulia ndani akakuta joto, baridi, upendo, chuki, ila "mimi" hakumkuta. Kinachonichekesha ni kwamba fikra hizo zilimtia unyonge, akajiponya kwa kula na marafiki na kucheza bakgamoni, mchezo wa ubao na dado! Mtawa angekaa nazo, maana kwake kuachilia huyo "mimi" ndiyo tiba yenyewe. Hapo ndipo wanapoachana, na wengi wanaowalinganisha hupapitia mbio mno.

Jioni moja kaa chini kimya, na goti likianza kuuma, mtafute anayeumwa kwa dakika 10, kisha urudi kwenye lile gari.