Kutoka Daftari la Matumizi hadi Kiti cha Mtayarishaji

SWALI: Mhariri, pokea salamu zangu. Huu ni mwaka wa sita nikiwa meneja wa uzalishaji katika filamu zinazopigwa hapa Tanga: ndimi ninayekodi magari, ninayewalipa wapishi na ninayepanga ratiba ya kila siku. Nikisema nataka kuwa mtayarishaji, wenzangu hunijibu kwamba hiyo ni kazi ya mwenye fedha zake au mwenye kipaji cha kutunga hadithi. Katika filamu moja ya zamani ya Kijerumani niliona jina la Horst Wendlandt, nikaambiwa kwamba naye aliwahi kufanya kazi kama yangu. Je, ni kweli?
Msomaji, Tanga

JIBU: Ni kweli, ndugu msomaji, na habari zake zinagusa hasa jambo mnalobishania. Wendlandt alizaliwa mwaka 1922 huko Criewen, kaskazini-mashariki mwa Berlin, na katika ujana wake aliingia kampuni ya filamu ya Tobis kujifunza kazi za upande wa biashara. Baada ya vita, katika miaka ya 1950, alikuwa meneja wa uzalishaji katika kampuni ya CCC ya Artur Brauner, Berlin.

Wenzako wanaidharau kazi hiyo kwa sababu haionekani kwenye skrini. Lakini mvua inaponyesha asubuhi na kamera ikafunikwa turubai, meneja ndiye anayejua kwamba farasi watakula vilevile, waigizaji wa ziada watadai posho yao, na jenereta ya kukodi itahesabiwa siku nzima. Mtu aliyebeba hesabu hizo kwa miaka anapopewa nafasi ya kuamua ni filamu gani itengenezwe, huamua akijua gharama ya kila ukurasa wa mswada.

Mwanzoni mwa miaka ya 1960 Wendlandt alihamia Rialto Film, iliyokuwa ikitengeneza filamu za upelelezi kutokana na riwaya za Mwingereza Edgar Wallace. Filamu hizo zilipendwa sana, naye angeweza kutosheka nazo. Badala yake alichukua riwaya ya Karl May, mwandishi wa Kijerumani aliyefariki mwaka 1912, na mwaka 1962 akatoa Der Schatz im Silbersee, yaani Hazina ya Ziwa la Fedha, kwa takriban marki milioni 3.5, kiasi kikubwa mno kwa filamu ya Kijerumani ya wakati huo.

Hapa ndipo ninapoona jicho la meneja. Hadithi inatokea katika nyika za Marekani, lakini picha zilipigwa Yugoslavia, penye majabali na maziwa ya Plitvice ambayo leo yako Kroatia, kwa ushirikiano na Jadran Film ya Zagreb. Alipata mandhari ya kuvutia bila kusafirisha kikosi kizima kuvuka bahari, na fedha alizookoa zikaonekana kwenye picha. Mwongozaji alikuwa Harald Reinl. Mfaransa Pierre Brice aliigiza Winnetou, chifu wa kabila la Waapache, na Mmarekani Lex Barker akawa Old Shatterhand, rafiki yake mzungu. Watazamaji walifurika, na filamu nyingine za Winnetou zikafuata. Baadaye alitayarisha kazi za namna tofauti kabisa, kama Lola ya mwongozaji Rainer Werner Fassbinder mwaka 1981, na filamu ya vichekesho ya mchekeshaji Otto Waalkes mwaka 1985, iliyotazamwa na watu zaidi ya milioni 8 Ujerumani Magharibi.

Kuhusu kipaji cha kutunga, basi, wenzako wamekosea: hadithi hizo zilitungwa na wengine, yeye akazitambua. Kuhusu fedha wamesema nusu ya ukweli, kwa maana si lazima ziwe zako, ila ni lazima ujue nani atazitoa na filamu itawafikia watazamaji kwa njia ipi. Anza kukaa na wasambazaji tangu sasa, ungali na mshahara wa umeneja. Wendlandt mwenyewe hakuridhika kutegemea wasambazaji wa watu wengine. Mwaka 1971 alianzisha kampuni yake ya usambazaji, akaiita Tobis.