Usimtangulie Mbuzi

Kosa langu la kwanza nililifanya jua halijapanda. Mchungaji, mzee mmoja, alifungua zizi, mbuzi wakatoka wakisukumana, nami kwa uchangamfu wa mgeni nikashika njia mbele yao kana kwamba najua tunakokwenda. Baada ya hatua kama hamsini nikahisi kimya mgongoni. Kengele ilikuwa imenyamaza. Kugeuka, nikakuta kundi zima limesimama, vichwa juu, linanitazama. Mzee alikuwa nyuma kabisa, ameegemea fimbo yake, wala hakuonekana kukasirika.

"Mwanangu," akasema, "umewazibia njia. Rudi huku tutembee wote."

Nikarudi. Mbuzi jike mmoja aliyekula chumvi nyingi, kengele shingoni na sikio moja limechanika, akafika pale nilipokuwa nimesimama, akapanusa, akaendelea na safari. Wengine wote wakamfuata. Tangu hapo nimetembea na wachungaji mara kadhaa, sehemu mbalimbali, na watu wakiniuliza wajiandae vipi kwa matembezi haya ya kufuata mbuzi malishoni na kuonja maziwa na jibini lao, neno langu la kwanza ni hilo: usitangulie. Wala sisemi miguu peke yake. Ukija na ratiba yako mfukoni na uchu wako wa jibini, utakuwa umeshatangulia hata ukitembea nyuma ya wote.

Kwanza, namna ya kuchagua. Niliwahi kulipia matembezi ambayo mchungaji wake alikuwa pambo. Amevalishwa kofia nzuri, mbuzi sita wamefungiwa uani, tukapiga picha, tukazungushwa shambani kwa dakika ishirini, kisha tukakalishwa mezani mbele ya jibini "la hapa hapa". Nilipokwenda kunawa mikono nikaona karatasi za dukani za jibini lile lile kwenye pipa la taka. Sikusema kitu, nikala. Lakini tangu siku hiyo nina swali moja ninalouliza kabla sijatoa hela: nisipokuja siku hiyo, mbuzi watakwenda malishoni? Wakijibu ndiyo, na saa ile ile, nenda. Wakianza kujikanyagakanyaga, ujue unauziwa mchezo wa kuigiza.

Swali la pili wengi hawalifikirii: mbuzi wamezaa lini? Mbuzi hubeba mimba kwa siku 150 hivi, yaani miezi mitano, na maziwa hayaji mpaka azae. Kundi linalotegemea malisho ya asili mara nyingi huzaa kwa majira, majani yanapochipua. Ukienda wakati majike wengi wana mimba kubwa, maziwa yamekata, na mezani utakuta jibini lililokaa miezi, au usilikute kabisa. Si vibaya, jibini kukuu lina utamu wake, ila ujue mapema usije ukanuna. Wiki za mwanzo baada ya kuzaa nazo zina shida yake, kwa sababu maziwa ni ya watoto kwanza. Mimi hupenda kwenda miezi miwili au mitatu baada ya hapo.

Idadi ya watu pia iulize. Kwangu mimi, wageni wakizidi wanane hayo si matembezi tena, ni maandamano.

Kuhusu mavazi sitakuchosha: viatu vya kufunika mguu, suruali ndefu, kofia, maji zaidi ya unavyodhani utakunywa. Ukirudi jikague kupe, hasa nyuma ya magoti na kiunoni. Mwavuli uache. Nilifungua wangu manyunyu yalipoanza, nikaona mbuzi arobaini wakitawanyika kama waliorushiwa jiwe, na mzee akatumia nusu saa kuwakusanya. Mbuzi wenyewe hawaipendi mvua, kwa hiyo mchungaji akisema leo tunarudi mapema, usibishane naye. Na chochote cha majani au karatasi kinachoning'inia mwilini mwako ni chakula. Kofia yangu ya ukindu ina pengo ukingoni hadi leo.

Sasa matembezi yenyewe. Utakapofika, utaona hakuna kinachotokea. Hapo ndipo wengi hutoa simu. Vumilia robo saa, jicho lizoee. Mbuzi si kondoo. Kondoo huinamisha kichwa akafyeka nyasi, mbuzi hutafuta juu: majani, machipukizi, maganda ya mbegu, vichaka vya miiba ambavyo wewe hutathubutu kuvishika. Husimama kwa miguu ya nyuma, ya mbele akaiegemeza kwenye tawi, halafu midomo ile inafanya kazi kama vidole, inapenya katikati ya miiba na kuchuma jani moja moja. Na hamalizi. Anakula kidogo hapa, anahamia pale, anarudi. Mwanzoni nilidhani ni ulafi usio na mpango. Mzee akanieleza kwamba kichaka kimoja kikiliwa sana kinakuwa kichungu, na baadhi ya mimea ni sumu ikizidi, kwa hiyo kuonja na kuhama ndiyo akili yake. Kumbuka hilo utakapofika mezani.

Kitu kingine cha kutazama ni macho. Mboni ya mbuzi imelala kama mwanya wa sanduku la barua, na kwa sababu macho yako pembeni ya kichwa, anaona karibu pande zote isipokuwa kisogoni. Ndiyo maana ukimnyatia kutoka nyuma anaruka. Mwendee kwa ubavu, polepole, ukiongea. Ukisikia mmoja anapiga chafya kali, kavu, na wengine wote wanainua vichwa, hiyo si mafua. Ni tahadhari. Siku ile ilikuwa mbwa, mbali sana, ambaye mimi sikumwona hadi nilipoonyeshwa.

Usiwape mkate. Najua ni raha kuona mnyama anakula mkononi mwako, na nilikuwa na kipande mfukoni. Mzee alinishika kifundo cha mkono kabla sijakitoa. Tumbo la mbuzi lina vyumba vinne, na kile kikubwa ni pipa la kuchachushia majani. Mkate au nafaka nyingi kwa ghafla huchacha upesi mno, asidi inapanda, mnyama anaweza kuvimba na kufa. Wageni kumi, kila mmoja na kipande chake cha upendo, na jioni mtu ana msiba zizini.

Jua likiwa juu, kundi hulala kivulini, na hapa ndipo nakuomba ukae chini. Chagua mbuzi mmoja, tazama shingo yake. Anatafuna, taya linakwenda upande, upande, upande. Anameza: utaona donge linashuka. Kimya kidogo, kama sekunde chache. Halafu donge jingine linapanda kutoka chini, unaliona kabisa likipita chini ya manyoya, na taya linaanza tena. Ndiko kucheua. Nimeona watu wazima, wenye shughuli zao na simu zisizonyamaza, wakilitazama jambo hili dakika ishirini bila kusema neno.

Ni wakati mzuri wa mazungumzo pia, kwa sababu mchungaji naye amepumzika. Usimuulize ana mbuzi wangapi. Ni sawa na kumuuliza mtu uliyemjua asubuhi ana kiasi gani benki. Muulize kuhusu mmoja: yule mwenye kengele, amepataje kuwa kiongozi? Nilipouliza hivyo nilipewa historia ya ukoo mzima, mama yake, bibi yake, mwaka wa ukame, hadi sikio lilivyochanika. Kisha akamwita, akamfunua mdomo, akanionyesha. Juu mbele hakuna meno, ni ufizi mgumu tu. Chini yapo 8. Mbuzi mchanga ana madogo yote. Akikaribia mwaka jozi ya katikati inang'oka na kuota makubwa, halafu jozi nyingine kila mwaka hivi, mpaka miaka minne kinywa kimejaa. Huyu yake yalikuwa marefu, yameachana, mawili hayapo. "Huyu ni mwenzangu," mzee akasema, akacheka akinionyesha pengo lake.

(Yapo pia matembezi ya siku kadhaa, ya kufuata kundi likihama kutoka malisho ya bondeni kwenda ya mlimani. Uhamaji huo wa majira, kama unavyofanyika Italia, Ugiriki na Austria, uliingizwa na UNESCO mwaka 2019 kwenye orodha ya urithi wa utamaduni usioshikika. Ni jambo zuri, lakini usianzie huko. Anza na siku moja uone magoti yako yanasemaje.)

Chakula kije mwisho. Waandaaji wengine hukukaribisha kwa sahani ukifika tu, kwa ukarimu. Omba kwa adabu isubiri. Jibini lile lile nililolila asubuhi bila kuona la ajabu, mchana lilikuwa na kichaka ndani yake, kile chenye harufu kali ambacho kundi lilikuwa limekishambulia saa mbili zilizopita.

Anza na kilicho laini uende kwenye kikali: maziwa, mtindi, jibini bichi la siku hiyo, kisha lililokaa. Ukianza na kukuu, ulimi umekwisha. Utaona kila kitu ni cheupe pe. Ng'ombe huacha rangi ya manjano ya majani ipite kwenye mafuta ya maziwa, mbuzi huigeuza yote kuwa vitamini A, na vitamini hiyo haina rangi. Chembe za mafuta nazo ni ndogo, kwa hiyo malai hayapandi juu upesi kama ya ng'ombe. Lakini asikudanganye mtu kwamba mwenye tumbo lisilopatana na maziwa ya ng'ombe atasalimika hapa. Sukari ya maziwa, laktosi, imo vilevile, pungufu kidogo tu.

Na ile harufu? Wapo wanaokataa kuonja kwa sababu ya harufu waliyoikuta utotoni. Sehemu yake ni ya asili. Asidi tatu za mafuta zilizopewa jina kutokana na neno la Kilatini la mbuzi, capra, ndizo kaproiki, kapriliki na kapriki, zimo humo. Ila ikizidi, ulizia beberu analala wapi. Maziwa hunyonya harufu, na mkamaji mzuri hukamia mbali na beberu, kwa chombo safi, akayapoza mara moja. Niliwahi kunywa ya namna hiyo nikadhani wamenipa ya mnyama mwingine.

Swali moja uliulize bila aibu: yamechemshwa? Homa ya Brucella, inayoambukizwa kwa maziwa mabichi, si hadithi za kutisha wageni. Daktari David Bruce alimgundua kijidudu chake Malta mwaka 1887, kwa askari waliougua homa isiyoisha, lakini ilichukua hadi mwaka 1905 daktari wa huko huko, Themistocles Zammit, alipogundua kwamba chanzo kilikuwa mbuzi wa kisiwani, waliokuwa na afya njema kwa kuwatazama. Ndiyo hatari yenyewe: mbuzi mgonjwa haonekani mgonjwa. Nyuzi 63 kwa dakika 30, au 72 kwa sekunde 15, zinatosha kumuua. Jibini bichi la maziwa yasiyopashwa moto lina hatari hiyo hiyo, na mjamzito aliache kabisa. Mwenyeji anayejua kazi yake hajawahi kunikasirikia kwa swali hili. Aliyekasirika mmoja, sikunywa yake.

Kilo moja ya jibini gumu inahitaji maziwa ya lita kumi hivi. Kwa hiyo ukipenda, nunua, na uulize mchungaji anapata nini kwenye ada uliyolipa. Mara nyingine jibu ni "kidogo sana", na hapo unajua mkono wako uelekee wapi.

Kuhusu usafiri: usipange gari likuchukue alasiri. Saa unayoitaka ni ya kurudi zizini. Watoto walioachwa nyumbani wanasikia kengele ikiwa bado mbali, wanaanza kulia wote kwa pamoja, na mama zao wanajibu wakikimbia na viwele vimejaa. Dakika mbili ni ghasia tupu. Mama ananusa mkia, anamsukuma asiye wake, ananusa mwingine. Kisha ghafla kimya, na mikia midogo inatikisika. Mzee alikuwa amesimama langoni, mguu mmoja umezuia njia, akiwapitisha mmoja mmoja bila kuhesabu. Wa mwisho alipoingia hakufunga. Akatazama ndani, akatazama njia tuliyotoka.

"Mweusi wa miguu myeupe," akasema, akachukua fimbo. Safari hii nilingoja atangulie.