Robert Caro: anza na ile maili moja

Ndugu, umeuliza uanze na kitabu gani cha Robert Caro, mwandishi Mmarekani wa vitabu vya maisha ya watu, na kama The Power Broker, chenye kurasa zaidi ya 1,100, kinastahili muda wako. Kinastahili kabisa. Kilitoka 1974, na kinamhusu Robert Moses, aliyejenga barabara, madaraja na bustani za New York kwa miongo kadhaa bila kushinda uchaguzi hata mara moja.

Ukikipata, fungua kwanza sura iitwayo "One Mile". Ni maili moja tu ya barabara ya Cross Bronx ya huyo Moses, jijini New York, inayopita East Tremont, mtaa wa watu wa kipato cha kawaida, wengi wao Wayahudi. Mwishoni mwa 1952 wapangaji wakaletewa barua: hameni ndani ya siku 90. Akina mama wa mtaa wakaungana, wakaonyesha njia nyingine karibu kabisa na pale, ambayo ingeokoa nyumba karibu zote. Moses akakataa. Mimi sura hiyo niliisoma mara mbili usiku mmoja.

Vile vitabu vyake vinne kuhusu Lyndon Johnson, rais wa zamani wa Marekani aliyekulia Texas, visikupite. Caro alihamia huko na mkewe ili awaelewe watu wa kule. Katika cha kwanza, cha 1982, utawaona wanawake wakivuta ndoo kisimani hadi migongo ikapinda, kabla umeme haujafika.

Unene ukikutisha, tangulia na Working cha 2019. Ni chembamba, na humo anaeleza anavyofanya kazi yake.