Ili usahaulike, sharti kwanza ujulikane

Wiki hii mmeuliza: ni mwigizaji gani wa Tanzania aliyesahaulika na hakustahili? Wenzangu wengi wamewataja watu wa redio na wa vichekesho, na sina ugomvi nao. Mimi namtaja mtu ambaye wengi wetu hatukuwahi hata kumjua: Amandina Lihamba.

Watu wa Mlimani, Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, watanishangaa. Kwao ni Profesa Lihamba, aliyezaliwa mwaka 1944 na kufundisha sanaa za maonyesho vizazi kwa vizazi. Lakini toka nje ya chuo, panda daladala mpaka Mwenge, kisha uliza. Ndiye aliyeigiza katika filamu ya Arusi ya Mariamu mwaka 1985. Ndiye Samehe katika Maangamizi, yule mgonjwa aliyejifungia katika ukimya, ambaye unamwelewa kwa macho na mabega tu. Filamu hiyo ndiyo ya kwanza Tanzania kuipeleka kushindania Oscar ya filamu za kigeni, mwaka 2001. Kila siku tunalia kwamba filamu zetu hazivuki mipaka. Hii ilivuka, na mtaani kwetu hakuna aliyeizungumzia.

Ila mimi sikumjua kwa filamu. Nilimjua kwa tamthilia yake, Hawala ya Fedha, ya mwaka 1980, aliyoitoa kwenye hadithi ya Sembène Ousmane wa Senegali. Mzee kaletewa hawala kutoka Ulaya. Posta wanataka kitambulisho, kitambulisho kinataka cheti cha kuzaliwa, na kila dirisha linampeleka dirisha jingine. Tuliicheza shuleni siku ya wazazi, nikiwa kidato cha tatu, nikapewa nafasi ya karani. Dirisha letu lilikuwa fremu ya ubao wa matangazo. Muhuri tuliuchonga kwa kiazi mviringo, tukawa tunauchovya kwenye wino wa kalamu. Mwalimu alinikataza kabisa kumtazama mzee usoni: nigonge muhuri kwenye karatasi za watu wengine, nipige soga na karani mwenzangu habari za chai, halafu niseme "Njoo kesho" bila kuinua kichwa.

Mara ya kwanza watu walicheka. Mara ya pili wakacheka kidogo. Mara ya tatu ukumbi ukanyamaza. Safu ya mbele alikuwepo baba wa mwanafunzi mwenzetu, mstaafu aliyekuwa akifuatilia mafao yake kwenye ofisi moja ya mjini tangu mwaka uliotangulia. Akasimama, kofia mkononi, akasema kwa sauti: "Mpe mwenzako hela yake, kijana." Hakuwa anatania. Mwenzangu aliyecheza mzee akageuka kumtazama, maneno yote yakamtoka kichwani. Mimi nami sikuwa nimefundishwa la kumjibu mtu huyo, nikagonga muhuri. Kiazi kikapasuka, wino ukatapakaa karatasi nzima, na akina mama kule nyuma wakaanza: "Mpe! Mpe!" Mwalimu hakuingilia, alituacha tu. Mchezo ulipokwisha, yule mstaafu alikuja nyuma ya jukwaa, akaichukua ile karatasi yenye madoa, akauliza nani katunga. Akaambiwa ni mama mmoja anafundisha Chuo Kikuu. Akasema, "Huyo mama ameshapanga foleni."

Nilipoanza kuandika nilitaka kudai mambo makubwa: ukumbi uitwe kwa jina lake, atungiwe tuzo, iwepo siku ya kumuenzi. Sasa sina uhakika sana. Kazi zake nyingi ni za mikono mingi. Tamthilia ya Harakati za Ukombozi (1982) aliiandika pamoja na watunzi wenzake, Penina Muhando na Ndyanao Balisidya. Nyingine, Ayubu, imetoka kwa jina la kundi lao la maigizo, Paukwa. Kule Malya, wilayani Kwimba, mwanzoni mwa miaka ya 80, yeye na Muhando na Eberhard Chambulikazi walikaa na wanakijiji, wakawaacha wachague wenyewe tatizo linalowasumbua, walitengenezee mchezo, kisha walijadili hadharani. Hapo mtunzi ni nani, kama si kijiji kizima? Mtu aliyefanya kazi kwa namna hiyo pengine hana haja ya jina kubandikwa ukutani.

Kwa hiyo mkinibana nijibu swali lenu kama lilivyo: hapana, hajasahaulika. Yule mstaafu hakulijua jina lake, na tamthilia ilimfikia barabara. Lakini msinielewe kwamba basi yameisha. Hiyo Hawala nimeitafuta madukani Dar es Salaam, Kariakoo na Posta, nisiipate, na vijana wanaosoma sasa hivi wanazungushwa madirishani vilevile, siku hizi hata kwenye simu. Mkimweka kwenye orodha yenu, mwandikeni pamoja na wenzake wa Paukwa. Na kama ukurasa unaobaki ni mmoja tu, iacheni orodha, ombeni ruhusa kwa wenyewe, mchapishe onyesho mojawapo la tamthilia hiyo.