Nyoka ana sumu, siafu wanamwezaje?

SWALI: Shikamoo mzee. Mi nipo huku Muheza, wiki iliyopita mvua ilivyokata nikakuta siafu wamemfunika nyoka nyuma ya banda la kuku, mkubwa, tumbo limetuna, anajigaragaza tu wala hakimbii. Imekuwaje akashindwa na vidudu? Halafu babu anasema chatu kabla hajameza mnyama anazunguka kwanza kukagua kama kuna siafu, ni kweli?

JIBU: Marahaba. Ukishasema tumbo limetuna jibu umejipa mwenyewe. Nyoka mwenye tumbo jepesi siafu kumpata ni kazi, msafara wao unatambaa polepole na yeye akihisi tu anateleza zake, ila akishashiba anakuwa mzito kama gunia, akitaka kukimbia mara nyingi inabidi atapike kwanza alichokula. Wako alichelewa.

Sumu? Amgonge nani sasa! Kundi moja la siafu linaweza kufika hata milioni 20, na hakuna mkubwa wao kwamba ukimuua wengine watatawanyika. Wale wa msafarani hata macho hawana, wanakwenda kwa harufu na kupapasa, mmoja akikutana na kitu kinachofurukuta anang'ata na wenzie wanajazana hapohapo, kwa hiyo nyoka anavyozidi kujigaragaza ndo anavyozidi kuwaita. Magamba yanamsaidia kidogo tu, wanapita puani, mdomoni na kule nyuma anakotolea haja. Na siafu akishabana habanduki, we si umeshawahi kumvuta mguuni kiwiliwili kikatoka kichwa kikabaki? Taya zile zinakata kama mkasi, nyama inabebwa vipande vipande kupelekewa watoto.

Ya babu nimeisikia sehemu nyingi ila mi siiamini, chatu akishaua anameza palepale. Lakini wazee hawakuiokota hewani, walijua chatu aliyeshiba hana ujanja.

Tena kuna vinyoka vidogo kama mnyoo, vinaishi udongoni, vyenyewe chakula chao ni mayai na watoto wa sisimizi na mchwa. Kwa hiyo deni linalipwa.

Siafu wakirudi usihangaike na nyoka, toa kuku bandani usiku huohuo, vifaranga kwanza, wakishapita utakuta hata mende na panya hakuna. Na mabaki ya huyo nyoka yafukie kwa jembe, kichwa usikishike, hata akishakufa meno yake bado yana sumu.